Ua Huu, Ua Hili

Jumatatu, 6 Machi 2006
Kortini Kitale. Nimeshindwa! Phelista, jirani yangu hapa Tuwan, ameshinda. Ati ua wangu wa mabati umeziba njia, na mama yake mwenye mguu mbaya anazunguka hadi sokoni ndipo afike barabarani. Hakimu alisoma amri kwa Kiingereza, karani akafasiri: Wekoye aondoe ua kabla ya Ijumaa. Nikikataa, ni kudharau mahakama, na jela iko. Nimetoka kichwa chini. Kufika mlangoni, wazo! Ua gani? Karani hakutaja.

Jumanne, 7 Machi
Nimeng'oa ua. Jekundu, lile la karibu na mlango. Mabati hayajaguswa. Mke wangu Lenah amelia, kumbe alilitoa kwao Bungoma mwaka tuliooana. Nimekula ugali mkavu. Wenye akili huteseka.

Ijumaa, 10 Machi
Askari wa korti amekuja kukagua. Nimemwonyesha shimo, nikamwambia amri imetiiwa. Amecheka mpaka kofia ikaanguka. Nimechukulia kama pongezi. Ameniachia karatasi: nifike kortini Jumatatu, nieleze kwa nini nisifungwe.

Jumatatu, 13 Machi
Nimepeleka ua langu ndani ya kopo, liwe ushahidi. Limenyauka kidogo. Korti nzima imecheka, hata mama yake Phelista. Hakimu hakucheka. Hakimu huyu ni mama wa Lamu, na Kiswahili chake kimepigwa pasi.

"Bwana Wekoye, uliambiwa uuondoe au uliondoe?"

Nikamjibu kwa heshima kwamba sisi watu wa Bokoli hatubagui. Ua huu, ua hili, yote ni sawa tu.

"Basi utapata nafasi ya kujifunza. Siku saba."

Ijumaa, 17 Machi
Jela. Naandika nyuma ya ile amri. Lenah amekuja. Ameshabomoa ua mwenyewe, mabati amejengea kuku. Ameniletea ndizi mbivu kutoka kwa mama yake Phelista, ambaye amepita njia ya mkato kwa mara ya kwanza tangu Krismasi. Ati mfungwa asikae njaa. Nimeona aibu, machozi yakanilenga. Nimeapa kuacha ujanja. Ndizi nimemaliza zote, mwenzangu Kemboi hakuonja.

Jumanne, 21 Machi
Niko nyumbani tangu jana. Asubuhi mama yake Phelista amepita na fimbo yake polepole, akanipa pole. Nikamwambia nimejifunza, na ni kweli. Sasa najua: ua huu ni wa mabati, ua hili ni la kunusa.

Mchana nimeomba miche kwa Chaman mwenye duka, ile yenye miiba mirefu. Ishirini. Nimeipanda mstari mmoja, palepale mabati yalipokuwa. Lenah ameuliza kama nina wazimu. Nimemwambia asome amri vizuri. Inakataza ua.

Haya ni maua.