Mahekalu ya Wakhmer, Nyuma ya Jengo Letu

Jumapili, 8 Februari 1987

Nimenyang'anywa firigisi mchana kweupe, mbele ya kundi zima la kina mama, na hakuna aliyekohoa.

Niandike vizuri nisije nikajichanganya. Kila Jumamosi sisi kina mama wa Kenya na Uganda tunakutana Husby, huku Stockholm, kwa Wamaitha, mwenyekiti wetu, tunapika kuku. Si wale wa dukani walioganda kama mawe, tumbo tupu. Wetu anatoka kwa mkulima, na ndani ana firigisi yake. Moja tu. Kwetu Kakamega firigisi ni ya baba mwenye nyumba, mwanamke haigusi. Lakini pale kwetu hakuna wanaume, kwa hiyo tulikubaliana zamani kwamba ataila mkubwa wetu. Mkubwa ni mimi, Truphosa. Miaka yote hii nimeila kwa amani.

Jana Proscovia akaja na mashine ya kumulika picha ukutani. Proscovia ni yule Mganda wa Hallonbergen, mdogo wangu kwa umri, mkubwa wangu kwa mdomo. Krismasi mwanawe Nuwa alimpeleka Thailand. Huko kuna mahekalu ya mawe waliyojenga Wakhmer, watu wa kale kabisa. Picha: Proscovia mbele ya hekalu. Proscovia juu ya hekalu. Proscovia na kiongozi wa kukodiwa, wake peke yake, anamshikia mwavuli! Siku nne nzima mtu na akili zake anamtembeza yeye tu na kumweleza jiwe kwa jiwe. Proscovia! Ambaye nyumbani kwake mwenyewe hajui kijiko kiko wapi!

Kina mama midomo wazi. Wamaitha akasema basi leo firigisi apewe msafiri, katoka mbali. Akapewa. Akala polepole, akinitazama.

Nikasimama nikawaambia mimi nami naondoka Jumatatu, naenda kwenye hekalu kubwa kuliko hayo yote, na kiongozi wangu ninaye. Sijui maneno hayo yalitoka wapi. Binti yangu Roselyn anasema yalitoka pale yanapotoka siku zote.

Jumatatu, 9 Februari

Nimemwomba Roselyn anipeleke Thailand. Akacheka mpaka akakalia viatu vya watu mlangoni. Kasema atakachoweza ni kunipeleka kazini kwake hospitalini, huko nako kuna wazee wa kale.

Sawa. Mungu hamtupi mja wake. Nimekumbuka Bwana Sarun wa ghorofa ya chini, yule Mkambodia tunayesoma naye darasa la Kiswidi. Wote wawili tumeshindwa mara mbili. Nimeshamgombeza sana huyu kwa kufua siku ambayo si zamu yake. Leo nikambishia hodi na chapati, uso laini. Nikamuuliza hao Wakhmer anawajua?

Akasema yeye ni Mkhmer. Akasema kabla ya vita kazi yake ilikuwa kutembeza wageni Angkor, hekalu kubwa kuliko yote, na hayo ya Thailand ni vijukuu vyake.

Vijukuu! Nusura nimbusu.

Nikamwambia anikalishe pale jikoni anieleze yote leo leo, Jumamosi niende nikaseme. Akakataa. Akasema hekalu halielezwi mtu akiwa amekaa. Akala chapati zangu, akavaa buti, akachukua beleshi, akatoka nje. Nikabaki na sahani.

Jumanne, 10 Februari

Mtu huyu ana wazimu. Asante Mungu.

Nyuma ya jengo, pale trekta linaposukumia theluji, kajenga. Kuna handaki la maji pande nne, limeganda lakini ni handaki. Kuna njia ndefu ya kuvukia. Kuna milima mitano ya theluji ambayo amesema itakuwa minara. Mwenyewe kavaa tai juu ya koti na amenyoosha mgongo kama askari wa gwaride. Akanisalimu kama hanijui. Akasema karibu Angkor, mama, safari njema ilikuwa?

Nikasema njema, nionyeshe minara. Akasema leo ni daraja tu. Nikasema daraja nimeshaliona, ni hili hapa. Akanigombeza! Mimi! Akasema wageni wanaokimbilia minara ndio waliokuwa wajinga kuliko wote. Tukabishana kwa Kiswidi ambacho hata mmoja wetu hana. Mwisho nikatembea darajani mwendo wa bibi harusi, huku nyoka wa mawe wenye vichwa saba kushoto na kulia. Vichwa kavichonga kwa kijiko. Nikamuuliza kwa nini lango linatazama magharibi. Akafurahi, akasema hilo ndilo swali. Akajibu mpaka vidole vya miguu vikanifa ganzi.

Proscovia alishikiwa mwavuli. Mimi sikushikiwa kitu.

Jumatano, 11 Februari

Balaa. Kengele ya mlango. Proscovia! Kutoka Hallonbergen mpaka huku Akalla kwa treni, kapeleleza kama mbwa wa polisi. Nikaingia kabati la makoti.

Kaleta ndizi za kupika. Kamwambia Roselyn mama yako yuko mbali, nimeona usikae peke yako. Roselyn kumbe kudanganya hawezi, msomi mzima. Kasema mama yuko... yuko... kwenye hekalu. Hilo tu. Basi Proscovia akakaa. Akanywa chai. Akanywa tena. Akasema asubuhi hizi simu hailii, hana wa kugombana naye, chai yenyewe haina ladha. Akasema yule bibi ana ulimi wa upupu lakini siku bila yeye ni siku ya bure.

Unafiki mtupu! Alijua niko kabatini, anataka nilie nitoke. Machozi yalinitoka, ndiyo, lakini ni zile dawa za nondo.

Alipoondoka Roselyn akafungua kabati akaniuliza kama nimesikia. Nikamwambia nimesikia mtu anamaliza sukari yetu.

Alhamisi, 12 Februari

Leo baraza ndefu ya michongo. Bwana Sarun kachonga ukuta mzima. Miungu upande huu, mashetani upande ule, wamemshika nyoka mrefu wanavutana, na bahari ya maziwa katikati inachafuka. Akasema wanavutana miaka na miaka na hakuna anayeshinda. Nikamwambia ni kwa sababu hakuna aliyevuta kwa hasira ya kutosha. Akafikiri sana. Akasema hakuna mgeni aliyewahi kumwambia hivyo. Nilijua! Proscovia hawezi kusema kitu kama hicho.

Pale kwenye lango kasimamisha kijiti. Nikamuuliza hicho nacho ni cha nini, hekalu la mawe lina kijiti? Akasema hapo ndipo mkewe alipokuwa akikaa akiuza madafu. Hajui kama yuko hai. Hajui kama hekalu lenyewe limesimama.

Nikakinyoosha kile kijiti kisimame wima. Mimi, Truphosa, mtu wa kugombeza.

Kisha wakaja watoto na vigari vyao vya kutelezea, wakapita juu ya lango la mashariki, puu! Nikawakimbiza mpaka karibu na kituo cha treni. Nikawatukana Kiluhya. Mjukuu wangu alikuwa mmoja wao, akanijibu Kiswidi.

Ijumaa, 13 Februari

Hatimaye minara. Ngazi zake zimesimama wima kabisa. Akasema zilijengwa hivyo makusudi, huwezi kwenda mbinguni ukiwa umenyoosha kichwa, lazima utambae. Nikatambaa. Umri huu! Nilipofika juu nikaona Akalla yote, magari, duka, chimni. Akaniambia niangalie msitu na nyani. Nikaangalia. Haki ya Mungu kwa dakika moja niliwaona nyani.

Kushuka nilishuka kwa makalio.

Hapo ndipo mbwa wa yule mama wa Kiswidi wa mlango wa pili akaja akainua mguu, akakojolea mnara wa tatu. Mnara wa miungu! Bwana Sarun hakusema neno. Akakwangua ile njano, akaleta theluji safi, akachonga upya. Lakini mimi nilisema. Yule mama kaelewa, ingawa nilikuwa nasema Kiswahili.

Pua imechubuka kwa baridi, midomo imepasuka. Roselyn anauliza nitawaambiaje watu. Nitawaambia ni jua la Angkor. Mtoto huyu hana akili ya kujiokoa hata kwenye beseni.

Jumamosi, 14 Februari

Nimeingia kwa Wamaitha na sanduku la safari mkononi. Nimejaza mito ili lionekane limetoka mbali. Kuku yuko jikoni, harufu yake kote. Proscovia akanishika mikono miwili akasema afadhali umerudi. Nikamwambia ajihadhari, nimeungua kwa jua.

Wakaniweka kwenye kile kiti cha mbele. Nikaanza. Hamjawahi kusikia kitu kama hicho! Daraja, nyoka wa vichwa saba, lango la magharibi na sababu yake, miungu na mashetani na bahari ya maziwa. Nikawaambia hayo aliyoyaona Proscovia ni vijukuu. Wamaitha akasahau vitunguu vikaungua. Proscovia akainamisha kichwa. Yesu wangu, utamu ulioje! Nikaona firigisi inanijia yenyewe.

Nikafika kwenye mnara wa tatu. Na hapo hasira ikanipanda, maana bado ni mbichi. Nikawaambia mnara huo mtakatifu mbwa ameukojolea, mbwa wa Mswidi, na yule mama hakuomba hata radhi. Na kiongozi maskini ikabidi akwangue na kuleta theluji nyingine. Na watoto je? Wakatelezea juu ya lango! Wazazi wako wapi?

Wamaitha akaweka mwiko chini.

Proscovia akauliza, kwa upole kabisa, huko kuna theluji?

Nikasema mwaka huu imeanguka.

Walicheka. Mmoja akajifungia chooni achekee huko. Mwingine akafungua sanduku langu akatoa mto, ikawa kicheko upya. Nikachukua koti langu. Lakini Proscovia akasimama mlangoni, naye peke yake hacheki. Akauliza hilo hekalu liko wapi, alione.

Basi wote tukapanda treni kwenda Akalla, Wamaitha na sufuria la kuku mapajani.

Bwana Sarun alipotuona akarudi ndani mbio. Nikadhani kakimbia. Kumbe kaenda kuvaa tai. Akatupanga mstari. Akatutembeza hekalu zima, sauti juu, mkono huku, mkono kule, na uso wake sijauona hivyo siku zote. Mbele kabisa nani? Proscovia. Kila hatua swali. Akajua jina la yule nyoka. Bwana Sarun akasema huyu mama kweli ni mgeni wa kazi! Kwenye ngazi akamshika mkono. Mimi hakunishika mkono! Mimi nilitambaa! Kiongozi wangu, nimempata mwenyewe, kwa chapati zangu, sasa yuko na Proscovia anamwonyesha nyani!

Tukapanda kwa Roselyn kula. Bwana Sarun tukamwalika, ni adabu. Wamaitha akafunua sufuria, akaipata firigisi, akaiweka kwenye kijiko. Akanitazama. Akamtazama Proscovia. Kisha macho yakamwangukia Bwana Sarun, na sote tukakumbuka kwa pamoja. Mwanamume mezani. Hata hapakuwa na mjadala. Ikaenda kwake.

Akaitupa mdomoni mara moja, kama karanga. Akauliza kama miguu ya kuku nayo ipo.

Proscovia alikaa karibu nami. Akaninong'oneza kwamba nilisimulia vizuri, hata yeye aliyefika Thailand hakuona nusu yake, na kesho asubuhi atapiga simu. Nikamwambia asipige mapema, mimi ni mtu nimetoka safari.

Jumanne, 17 Februari

Proscovia amepiga simu Jumapili, jana na leo. Tumegombana vizuri. Lakini mwisho akaniambia kesho anakuja kutembezwa tena na Bwana Sarun, wawili tu, kuna michongo hawakuimaliza. Wawili tu!

Nimekaa nimefikiri. Nilikosea wapi? Roselyn anasema nilikosea kudanganya. Huyo anajua nini? Mimi nimeliona kosa. Nilitaka kuwa msafiri. Lakini nani alikula firigisi Jumamosi? Msafiri? Hata! Ni kiongozi! Anayetembeza wengine ndiye anayekula. Roselyn kasema Bwana Sarun kaila kwa sababu ni mwanamume, nikamwambia asiniharibie hesabu.

Sasa sisi kwetu Ilesi, Kakamega, tuna lile jiwe linalolia. Refu kama ghorofa, na jiwe jingine limekaa juu yake kama kichwa, na maji yanatiririka usoni usiku na mchana. Halikujengwa na Wakhmer wala na mtu. Lilikuwepo kabla ya nyoka yeyote kuota kichwa cha pili. Na kiongozi wake halisi ni nani hapa Stockholm? Ni mimi!

Nimeshawapigia wote. Jumamosi, mbele ya jengo, wageni wapange mstari, maswali mwisho, miavuli marufuku. Proscovia atakuwa wa nyuma kabisa. Beleshi la Bwana Sarun nimelichukua mlangoni kwake, nitamwambia baadaye.

Tangu saa nane napandisha theluji. Jiwe limenifika kifuani. Roselyn kafungua dirisha anapiga kelele mtaa mzima usikie, eti niache, baridi imevunjika, mvua imeanza, theluji yote inayeyuka.

Mtoto huyu haelewi kitu. Jiwe limeanza kulia lenyewe!