Ombi la Kufutwa kwa "Asante" ya Bi. Ingegerd

Kwa Mwenyekiti,
Chama cha Bustani za Ziwani, Västerås.

Ndugu Mwenyekiti,

Natumaini u mzima, na konokono hawajamaliza saladi zako. Mimi si mtu wa kulalamika, na wanaosema vinginevyo nitawashtaki kwa barua nyingine. Ila sasa yamenifika hapa shingoni.

Mwaka juzi, majira ya vuli, nilichimbua peoni, ua alilolipenda marehemu mke wangu, Majken. Nilikata mizizi yake kwa msumeno, nusu nikampa jirani yangu, Bi. Ingegerd Rosvall. Desturi yetu unaijua: ukipewa mche, usishukuru. Unaguna tu, unaondoka. Ukishukuru, hautachanua. Basi malalamiko yangu ni haya:

1. Bi. Ingegerd alisema "Asante." Nikamkemea, "We mama, nyamaza!" Akaona haya, akasema, "Samahani, Torkel. Asante kwa kunikumbusha." Ya pili hiyo!

2. Tangu hapo peoni yake imenuna. Majani tele, lakini ua hata la dawa hulioni. Nimekagua mwenyewe: macho ya mizizi, pale inapochipua, yamefukiwa vidole viwili chini ya udongo, kama inavyotakiwa. Kwa hiyo kilichoiharibu ni adabu.

3. Kwa kuwa kwake hakuna ua, kila jioni anakuja kutazama ya kwangu. Anakaa kwenye benchi langu na kunywa kahawa yangu. Juzi kanichamba: "Torkel, maandazi yako ya mdalasini leo makavu, utadhani gome la mti." Kisha akala matatu! Peoni huchanua Juni tu, lakini yeye anakuja hadi Oktoba kutazama vijiti. Nalazimika kunyoa ndevu kila siku.

4. Ugonjwa unaenea. Sixten wa kibanda cha kijani naye ameshukuru kwa miche ya stroberi. Tukiendelea hivi, mji mzima utakuwa na adabu na hautakuwa na ua hata moja.

Hivyo naomba uitishe mkutano mkuu. Bi. Ingegerd asimame mbele ya wanachama, aifute asante yake kwa sauti, kisha anitukane. Tusi jepesi linatosha: "Bahili mkubwa we, na mzizi wenyewe mbovu!" Nitavumilia kwa faida ya chama. Akikataa, serikali iingilie kati.

Msalimie mumeo na goti lake, na kamati nzima, isipokuwa Sixten.

Wako katika udongo,
Torkel Näslund

N.B. Nimechungulia uzioni sasa hivi. Peoni ya Bi. Ingegerd imetoa tumba moja, jekundu, nene. Likifunguka, hatakuwa tena na sababu ya kuja kwangu. Ndugu Mwenyekiti, nakusihi, ichome barua hii. Na kama kamati ina mtu mwenye koleo na asiyejua kuuliza maswali, aje aihamishe peoni ile upesi. Ikihamishwa hununa tena miaka miwili, hata mitatu. Kwa jinsi ninavyojijua, muda huo huenda ukanitosha kumwambia kwamba nampenda.