Mavyaa Asiyeitikia Salamu

Asalamu alaikum! Leo nimeaibika, na afadhali mnisikie mimi kabla hamjasikia kwa watu wa Mji wa Kale.

Leo ndiyo nilikuwa nikutane na mamake mchumba wangu Nasir, yaani mavyaa wangu mtarajiwa. Sijawahi kumwona. Nilionywa jambo moja tu: "Mama asipoamkiwa vizuri, hakuna harusi." Mahali? Maonyesho ya sanaa ya dadake Nasir, kwenye nyumba kuukuu. Nikatoka Majengo na buibui jipya, rangi ya mdomo, na shikamoo niliyoifanyia mazoezi njia nzima.

Nasir akabaki nje kutafuta pa kuegesha gari. "Mama yuko chumba cha ndani. Tangulia."

Nikaingia. Kiza! Mbele yangu bibi mzima, buibui, uso makunyanzi matupu, ananikodolea macho.

"Shikamoo, mama!"

Kimya. Midomo inacheza, sauti haitoki. Nikainama. Naye akainama! Nikainama zaidi. Naye zaidi! Nikapiga magoti (kwetu hatupigi magoti, lakini harusi naitaka). Subhanallah, naye akapiga!

"Inuka mama, utanitia laana!"

Nikampigia Nasir, nanong'ona: "Mamako ana kiburi! Haitikii salamu. Na sasa naye ameshika simu, ananisema!"

"Simu gani? Simu yake ninayo mimi. Mbusu mkono tu, atalainika."

Nikamwendea mbio. Naye akanijia mbio. Nikabusu.

Kioo! Cha baridi, kigumu, na midomo yangu myekundu imebaki pale pale.

Kumbe ukuta wote ni skrini yenye kamera, ndiyo sanaa yenyewe ya dadake Nasir. Ukisimama mbele yake, inakuonyesha utakavyokuwa ukizeeka, na kila ufanyalo inafanya. (Yaani nimejiamkia mwenyewe, nikajinunia mwenyewe, nikajisengenya mwenyewe!)

Nyuma yangu, kwenye kiti cha pembeni, mtu akakohoa.

"Marahaba, mwanangu. Mwenye kiburi ni wewe huyo. Miye niko huku tangu ulipoingia."

Wallahi nilitamani sakafu inimeze! Nikageuka. Mavyaa anacheka mpaka anajifuta machozi kwa mtandio. Nikaenda kumbusu mkono. (Niliugusa kwanza, kuhakikisha ni nyama.)

"Harusi ipo," akasema. "Ila uzeeni utakuwa mkorofi. Nishakuona."

Haya, mnaocheka, chekeni, lakini nanyi niitikieni salamu. Yule bibi wa ukutani mpaka natoka hakuniitikia.