Behewa Moja kwa Ng'ombe wa Aksanti

Riverside, Buffalo
19 Mei

Kwa Mheshimiwa Mkuu wa Treni za Mizigo,

Natumaini barua hii inakukuta mzima, wewe na mabehewa yako yote. Sisi tunaokaa kando ya reli yako hatujambo, isipokuwa vikombe vyetu, ambavyo hucheza kabatini kila unapopita.

Mimi ni Marcellin Nshombo, mzaliwa wa Walungu, Kongo, mpanga maboksi katika ghala moja la Cheektowaga. Binti yangu Aksanti ameposwa na Murhula, kijana wa Louisville, na arusi ni Jumamosi ya pili ya Juni. Kwetu mahari ni ng'ombe. Siku hizi watu hutumiana ng'ombe kwa simu, nami nimekataa. Ng'ombe wa simu halii, hanyi, wala hamkanyagi jirani. Nimedai watatu, wenye miguu. Na hapo ndipo kampuni yako iliponiangusha, kama ifuatavyo.

1. Mmesahau mlikotoka. Aksanti anasoma historia chuoni, nami kitabu chake nimekisoma miezi minne, kamusi mkononi. Wachungaji waliwaswaga ng'ombe kutoka Texas miezi miwili, mitatu, mpaka pale reli ilipoishia. Treni iliposimama, pakaota mji: hoteli, benki, jela. Ng'ombe ambaye porini hakuwa na bei akawa mali kwa kupanda tu behewa. Wakashushwa Chicago, na wengine hapa hapa Buffalo, kwa maelfu. Leo nakaa dirishani naangalia unavyopita: magari, mafuta, makontena, mahindi. Ng'ombe hata mmoja hayumo! Wahenga walisema asante ya punda ni mateke. Nyinyi hata teke hamkutoa, mmenyamaza tu.

2. Nilikwenda kituo cha abiria kuuliza. Binti wa dirishani, mpole sana, alitaka kujua kama ng'ombe wangu ni mnyama wa kunisaidia kiafya, maana hao huruhusiwa. Nikasema ndiyo, nina shida ya moyo, na inamhusu binti yangu. Akaomba cheti cha daktari. Nilipomwambia kwamba ng'ombe wenyewe ni watatu, akafunga dirisha.

3. Hili ni la aibu kidogo. Nilipotoa sharti langu nilijua kwamba Balagizi, baba yake Murhula, anakaa South End, Louisville, na South End wanafuga malori. Nikalala usingizi mzuri. Wiki mbili baadaye akanipigia: “Bon, mukwe, ngombe tatu nimezipata kwa fermier moya, mufugaji wa huku. Donc, utuambie tu zifike siku gani.” Nilikohoa kwa muda mrefu. Kisha nikamwambia kwamba kwa heshima ya historia ya mji huu, ng'ombe wa mahari huingia Buffalo kwa treni, si vinginevyo, na njiani wapumzike Columbus wanywe maji. Mke wangu Nzigire, aliyekuwa anasikiliza, aliniuliza: “Marcellin, weye na ngombe mulijuana siku gani?” Swali la haki. Nilichunga ng'ombe wa marehemu baba kwa siku nne, nikiwa na miaka tisa. Siku ya tano ng'ombe walirudi nyumbani na mimi nikatafutwa.

4. Gatsinzi wa Columbus, dereva wa lori na mtu wa kanisa letu, alijitolea kuwaleta bure. Lori lake ni la friji. Wangefika, ndiyo, lakini si kwa hali tuliyokubaliana. Na kitabu kinasema friji ndiyo iliyoharibu mambo tangu zamani: mlipojifunza kubeba nyama baridi kwenye mabehewa ya barafu, ng'ombe hai akaanza kukosa nafasi. Kwa hiyo arusi ya mwanangu mlianza kuiharibu zaidi ya miaka mia moja kabla hajazaliwa.

5. Kwa sababu hizo naomba behewa moja lenye majani makavu. Birika la maji Columbus. Na zizi hapa Riverside, kwani ua wangu unatosha ng'ombe mmoja tu, naye asijaribu kugeuka. Niko tayari kuwa msimamizi wa zizi. Uzoefu wangu nimeshaueleza. Na mpaka hayo yote yajengwe, naomba barua rasmi yenye muhuri, inayosema kwamba arusi haiwezi kufanyika. Miaka kumi itanitosha.

Nisalimie madereva wako wote, hasa yule anayepiga honi alfajiri. Msalimie pia binti wa dirishani, kama amelifungua.

Ni mimi, mteja ambaye hujawahi kumbeba,
Marcellin Nshombo

N.B. Barua zangu zote anazitafsiri Aksanti, na hii pia nilimpa juzi. Aliisoma mpaka mwisho, akaenda kumpigia Murhula. Jioni hii Balagizi na mwanawe wamefika na trela nyuma ya pikapu, siku moja tu ya barabara. Ng'ombe watatu wamesimama mbele ya nyumba wanakula maua ya jirani. Basi behewa silihitaji tena, na madai yangu yote matano nayafuta.

Ukweli ni kwamba niliomba ng'ombe kwa sababu nilijua hawawezi kufika. Aksanti amenikumbatia mbele yao, na yeye ambaye hunijibu kwa Kiingereza tangu shule ya msingi, leo amesema, “Papa, si ungesema tu?” Nimekwenda kuwatekea ng'ombe maji.

Limebaki swali moja. Mzee mmoja, asiye na pembe, mnaweza kumfikisha Louisville mara moja kwa mwezi? Nijibu kwa Kiswahili, tafadhali. Mtafsiri wangu anahama Juni.