Orodha Nyuma ya Kalenda

Jumatatu, 3 Juni
Mvua. Bwana Kuriakose, katibu wa chama chetu cha maziwa, anastaafu mwisho wa mwezi. Kiti chake kinamwendea wa kwanza katika orodha ya ukongwe kazini, naye ni dada Rugmini, karani mwenzangu. Wa pili ni mimi. Lakini kabla dada huyo hajaajiriwa, mimi nilikuwa kibarua hapa miezi minane, nikibeba madebe! Nimepeleka faili langu kwa halmashauri, mkono kwa mkono, wanihesabie miezi ile. Wakauliza kama dada Rugmini asiitwe kwanza asikilizwe. Nikasema tusimsumbue, mama mkwe wake mahututi. Hana mama mkwe.

Jumanne, 4 Juni
Orodha imepangwa upya! Katibu kanikabidhi ndani ya bahasha, niibandike ubaoni. Mwenye pingamizi ana siku kumi na tano. Zikipita, basi tena. Nimeibandika mbiombio, maana nilisikia viatu vya dada Rugmini ngazini, nikaifunika kwa kalenda ya kampuni ya chakula cha ng'ombe. Kisha nikatia saini hati ya kuthibitisha kwamba imebandikwa. Uongo uko wapi?

Jumatano, 12 Juni
Dada Rugmini kaniuliza kama siku hizi nasoma ubao wa matangazo. Nikamwambia naupitia kila asubuhi. Akacheka, akanikatia nusu ya bajia yake ya dengu. Roho iliniuma kidogo. Nikaila.

Jumatano, 19 Juni
Siku ya kumi na tano. Saa za kazi zilipokwisha nikawaita wenzangu, nikaiondoa kalenda kwa madaha. Wa kwanza: Rugmini. Wa pili: Thankachan, mpima maziwa, aliyeajiriwa mwaka juzi, mwenye masharubu mengi kuliko kazi. Wa tatu: mimi. Nikasoma tena kuanzia chini. Bado wa tatu.
Kumbe halmashauri walilifungua faili langu, wakakuta mtihani wa ushirika nimeufaulu mwaka jana tu, kwa jaribio la nne. Wakaanza kunihesabia ukongwe hapo. Nani aliwapelekea faili? Sitaki kuliandika. Thankachan kaniuliza kama chai yake naileta sasa au baadaye.

Alhamisi, 20 Juni
Nimekwenda mjini kwa mkaguzi wa vyama vya ushirika, mama mkavu mwenye miwani ya kamba. Nikamwambia nimeshushwa bila barua, bila kuitwa, bila kusikilizwa. Nililia kweli, sikuigiza. Akauliza kama orodha ilibandikwa. Nikasema ndiyo, ila hakuna aliyeweza kuiona. Akauliza aliyeibandika ni nani. Nikaomba maji.

Jumatatu, 24 Juni
Mkaguzi amekuja kusikiliza. Dada Rugmini akasimama wa kwanza, nikajua nimekwisha. Akasema mimi, Velayudhan, ndiye niliyeificha orodha, na yeye alijua siku ileile, maana kalenda yenyewe ni ya mwaka jana. Aliifunua, akasoma, akaifunika, akangoja nami nisome. Alingoja sana. Lakini, akasema, huyu ameshushwa bila kuulizwa neno, na kusikilizwa si haki ya watu wema peke yao. Macho yakanilowa. Nikasingizia mvua, tukiwa ndani.
Orodha imefutwa. Tumesikilizwa wote, mmoja mmoja. Mimi nilizungumza dakika arobaini, hadi Bwana Kuriakose akasinzia. Miezi ya kibarua wameikataa, ila mtihani nao wameuweka kando: kila mtu na siku aliyoajiriwa. Nimerudi wa pili! Nimeapa mbele ya taa ya sala nyumbani: sitaficha kitu tena.

Ijumaa, 28 Juni
Bwana Kuriakose tumemuaga kwa payasamu, uji mtamu wa maziwa, na hotuba nne. Katibu mpya ni dada Rugmini. Ameitundika orodha mwenyewe, misumari minne, na karatasi ya kutia saini pembeni. Akaniambia, soma kwanza, mdogo wangu, kisha utie saini.
Nimetia saini. Kusoma sikusoma, nilikuwa napima ukuta kwa shubiri. Agosti itabandikwa orodha ya likizo za Onam, na siku ya sikukuu yenyewe anapumzika mmoja tu. Kosa la safari ile nimeliona: kalenda ilikuwa ndogo, tena ya zamani. Kesho naenda duka la dhahabu kuomba yao kubwa, ya mwaka huu.