Mwuza Magodoro wa Nyuma ya Ukuta

Jumatatu, 3 Juni

Sijawahi kumwambia mtu hili: ile tamthilia ya mfanyabiashara ninayowasimulia wenzangu kila siku chini ya ngazi za shule, sijaiona hata mara moja. Kwetu hakuna televisheni. Mama anasema inakula akili. Naisikia tu, sikio likiwa ukutani, kutoka kwa jirani yetu, fundi cherehani. Naye hutazama huku anashona! Kila panaponoga, cherehani inanguruma. Mapengo najazia mwenyewe.

Lakini wale wanaume wawili nawajua kama ndugu zangu. Mmoja mwuza magodoro, sauti laini kama pamba. Namwona akipita kati ya magodoro yake meupe kama mtu atembeaye mawinguni. Mwingine mkuu wa majambazi, sauti nzito, ya mtu ambaye kwake mvua haikatiki. Wanawindana. Hawajakutana bado.

Leo Golikipa wa darasa letu kanisikiliza mdomo wazi mpaka kengele ikalia. Mkate wake kausahau mkononi. Kanisikiliza mimi, ambaye nikiambiwa nisome kwa sauti darasani natetemeka!

Jumanne, 4 Juni

Balaa. Bibi kanifuma ukutani. Kaniuliza, mjukuu wangu, ukuta una habari gani? Nikasema sikio linaniuma. Basi akanilaza pajani, akanidondoshea mafuta ya uvuguvugu. Masikio yote mawili! La pili, kasema, lisione wivu.

Sehemu ya leo nimeisikia kama samaki anavyosikia soko. Sauti zinaelea tu. Nikasinzia kidogo, nikaota magodoro yanateremka na mto, moja baada ya jingine, na mwenyewe kasimama ukingoni anayapungia mkono.

Jumatano, 5 Juni

Nimesimulia ndoto. Golikipa akasema, dah, maskini mzee wa watu! Kisha akauliza, hao wawili watakutana lini? Nikaapa ni kesho.

Antena alikuwa anapita. Ni binti wa daktari wa meno, kwao televisheni ni pana kama kitanda, na hakuna neno linalompita. Akasimama. Wawili gani? Nikamweleza. Akacheka mpaka akashika ngazi. We mtoto, akasema, huyo ni mtu mmoja! Mchana anauza magodoro, akivua tai anageuza sauti anakwenda kuiba. Ndiyo tamthilia yenyewe hiyo!

Wote wakaangua kicheko. Golikipa hakucheka. Alifunga mdomo tu. Hilo ndilo lililoniuma.

Mtu mmoja! Nimekaa kitandani kama mfiwa. Mmoja wao nimemzika leo. Na huyu aliyebaki simwelewi. Mtu anawezaje kuwaonyesha watu hivi, kumbe yuko vile? Mimi nisingeweza hata kwa siku moja.

Alhamisi, 6 Juni

Mpango: niseme nilijua tangu mwanzo, nikaficha ili utamu usiishe. Nimeukariri njia nzima.

Chini ya ngazi hakuna mtu. Wote wamehamia bombani, kwa Antena. Hata Golikipa. Nikajisimulia mwenyewe kidogo, nikachoka kujisikiliza. Nikaenda maktaba, nikajificha nyuma ya atlasi. Kuna bahari nyingi sana humo. Nimeziogelea zote.

Ijumaa, 7 Juni

Golikipa kaja maktaba! Kaketi karibu kabisa. Kasema Antena anasimulia kama anaita majina ya mahudhurio. Kasema wale wawili wangu walimpendeza kuliko huyo mmoja wake. Kisha akainama, akanong'ona: nisimwambie mtu, kwao hawana televisheni. Ananitegemea mimi.

Moyo ukanitulia kama maji kwenye mtungi. Nilitakiwa kusema maneno matatu tu: hata sisi hatuna. Yalikuwa yamekaa tayari kwenye ulimi.

Nikafungua kinywa. Nikasema, pole sana. Nikasema yetu imejaa ukuta mzima. Nikaisikia sauti yangu, laini kama pamba, ikimkaribisha aje kesho mchana tutazame marudio. Alifurahi mpaka akaangusha atlasi.

Baada ya shule nilikwenda moja kwa moja kwa fundi cherehani. Nikamwamkia kwa adabu, nikamwomba atuazime televisheni yake kesho mchana. Akauliza, ya kazi gani, mwanangu? Nikamwambia ni ya somo la sayansi.