Rufaa ya Mama Kuhusu Zabuni ya Viraka

Jumanne, tarehe 9 Juni

Kwa Mheshimiwa Mwenyekiti,
Bodi ya Rufaa za Zabuni.

Shikamoo, Mheshimiwa. Naahidi kueleza kila kitu bila kuficha, hata yale ambayo Mama angependa niyaruke.

Mimi ni mwanafunzi wa sekondari, binti wa fundi cherehani ambaye mtaa mzima unamwita Mama Kiraka. Mwezi uliopita tangazo lilibandikwa mlangoni mwa ofisi ya manunuzi: "Zinakaribishwa zabuni za kuweka viraka, kuanzia hospitali hadi sokoni." Mama alifurahi mno. Wateja wamepungua, na cherehani yetu ya pili, ambayo ameniahidi nikimaliza shule, imeshapata mnunuzi. Tukajaza fomu, tukapeleka, tukanyimwa. Barua yao inasema "mzabuni hakuelewa kazi." Kwa heshima zote, tunalalamika hivi:

1. Tangazo halikutaja neno barabara. Kati ya hospitali na soko kuna watu wengi wenye nguo zilizochanika, na Mama anawajua karibu wote.

2. Fomu ilidai mitambo. Tuliandika: cherehani mbili, pasi moja ya mkaa. Karani alicheka mpaka akavua miwani. "Mama, hii ni barabara, si suruali!" Mama akamjibu, "Tobo ni tobo, mwanangu. Hata hilo la kwapani kwako lilianza dogo." Tunakiri kwamba fomu haikuwa na nafasi ya jibu hilo.

3. Fomu ilidai uzoefu. Mama ameweka viraka tangu kabla sijazaliwa. Mkandarasi aliyeshinda aliziba shimo la mbele ya shule yetu mwaka jana, na mvua ya kwanza ikaondoka na kiraka chote. Kiraka cha Mama hufuliwa, huanikwa, hupigwa pasi na kukaliwa. Suruali ya mwalimu wetu wa hesabu yenyewe ilishakwisha zamani. Anachovaa sasa ni viraka vya Mama vilivyoshikana.

4. Sampuli yetu, kipande cha kaki chenye mshono maradufu, haikurudishwa. Nimeiona kwa macho yangu imeshonewa kwenye mto wa kiti cha mkuu wa kamati ya zabuni. Kama hatukuelewa kazi, mbona kazi yetu inakaliwa?

5. Kwa kuwa anayeweka kiraka kikabanduka anaitwa mtaalamu, na anayeweka kikashika anaambiwa hakuelewa, tunaomba zabuni hiyo ifutwe na Mama apewe. Mkandarasi tutamwajiri akate nyuzi. Mambo ya lami tutajifunza polepole, na sindano kubwa tutaazima kwa mshona magunia.

Nisalimie wajumbe wote wa Bodi, katibu muhtasi wako, na yule mlinzi wa getini aliyenionyesha mlango wa kupokelea barua bila kuniuliza mtoto wa nani.

Mimi niliye mtiifu kwako na kwa Mama,
Binti wa Mama Kiraka

N.B. Kabla sijafunga bahasha, mkandarasi mwenyewe amefika kibandani kwetu. Vibarua wake hupiga magoti juu ya kokoto kutwa nzima, na suruali zao zote zimetoboka. Ameleta gunia limejaa suruali hizo, na anasema litakuwa likija jingine kila viraka vya barabarani vikibanduka na kurudiwa. Mama amemwambia mnunuzi wa cherehani aende zake, nami nimeanza kuikanyaga leo hii. Kwa hiyo tunaomba kwa unyenyekevu mkandarasi asinyang'anywe kazi, wala asije mtu akamfundisha kuziba vizuri. Barua naituma kwa ajili ya swali moja tu, ambalo naomba ulijibu upesi ili Mama ajue anunue kaki kiasi gani: je, mkataba wake ni wa kuiziba barabara hii mara moja, au mpaka izibike?